Aikaeli na Kizibo cha Nduwa

Kizibo cha nduwa kilikuwa cha Aikaeli, na kama ulikuwa hujui hilo, basi wewe si mtu wa huku kwetu Machame, ni mgeni, karibu ukae. Nduwa ni lile bwawa dogo la udongo na mawe ambamo maji ya mfongo hujikusanya usiku kucha. Na mfongo ni mfereji waliotuchimbia mababu ili maji yatoke mtoni huko juu yafike kwenye migomba na kahawa yetu. Chini ya nduwa pana tundu. Jioni tundu linazibwa, alfajiri linazibuliwa, maji yanateremka kwa watu kwa zamu. Kazi ni hiyo tu. Lakini anayeshika kizibo ndiye anayepanga zamu, na anayepanga zamu, jamani, huyo hata mchungaji humsalimia kwa adabu.

Kizibo chenyewe kilikuwa chuma, tena si chuma cha dukani. Urefu wake ni kutoka kwenye kiwiko mpaka ncha za vidole, unene wake kama paja la mtoto aliyelishwa vizuri. Upande mmoja kimechongoka, upande wa pili bapa, na karibu na huo ubapa kimezungukwa na mkanda wa shaba uliokwisha kuota ukijani. Babu yake Sifael, yaani babu wa marehemu mume wa Aikaeli, alikileta nyumbani zamani za vita vya Mjerumani na Mwingereza, alipokuwa mpagazi wa kubebeshwa mizigo asiyoijua. Nia yake kifuliwe majembe. Mhunzi akakipokea, akakigeuza, akakigonga mara moja tu, akasema chuma hiki kina roho ngumu, nenda nacho kwako. Kikawa cha kuzuia mlango usipigwe na upepo. Mpaka siku moja mtu akakijaribu kwenye tundu la nduwa, kikaingia kikakaa barabara, tone lisipite.

Tangu hapo kikashikwa na ukoo, baba kwa mwana, hadi kwa Sifael. Naye Sifael, siku zake zilipokaribia kwisha, aliita ndugu zake wakakaa kitandani pake, akasema, "Kizibo namwachia mama Godbless," yaani Aikaeli mkewe. Lo! Gidioni, mdogo wake, alimeza mate mpaka yakasikika. Alikuwa amekwisha kujiona nacho mkononi. Akasema tangu enzi za mababu mwanamke hakanyagi nduwani, maji yatakauka. Aikaeli akamjibu palepale, mgonjwa akisikia, "Shemeji, na hiyo migomba inayonyweshwa anaipalilia nani?" Sifael akacheka, akakohoa, habari ikaishia hapo. Maji hayakukauka. Gidioni ndiye aliyekauka, maana hakusahau.

Na mimi nikwambie ukweli, Aikaeli aliipenda ile kazi kuliko anavyopenda mtori. Alfajiri ukungu ukiwa bado umelala migombani, yeye huyo ukingoni, anashika mnyororo uliofungwa kwenye kiuno cha kizibo, anavuta. Maji yananguruma kidogo, kama mtu aliyeamshwa hataki, halafu yanakwenda. Jioni, nduwa ikiwa imebaki tope, anavua viatu, anashuka, anakipachika kizibo chake tunduni na kukishindilia kwa gogo la mkahawa. Ti! Ti! Ti! Watoto wake wako Moshi na Dar, mume yuko chini ya mgomba kihambani, shamba la nyumbani, na asingekuwa na kizibo angekuwa nani? Bibi wa kuletewa vitenge Krismasi na kuulizwa kama anakunywa dawa zake.

Basi Krismasi hiyo ninayoisimulia, mjukuu wake Hellen alikuja mapema kuliko wengine. Hellen ni mtoto wa Godbless, koplo wa jeshi, msichana mrefu mwenye sauti ya kusikika ng'ambo ya bonde, na kazi yake huko jeshini ni mambo ya mabomu na risasi, ingawa nyumbani walikuwa wanasema tu "yuko stoo". Hakuwa amekanyaga nduwani tangu akiwa mdogo. Jioni ile akamwambia bibi yake, "Leo nakusindikiza, ninyooshe miguu." Wakapanda.

Aikaeli akashuka topeni, akapachika, akainua gogo. Ti!

"Bibi! Usipige!"

Ilikuwa ile sauti ya gwaride. Kunguru wote waliokuwa kwenye mti wa mruka ukingoni waliruka. Aikaeli naye nusura akae topeni.

"Wewe mtoto una nini?"

"Weka gogo chini. Taratibu. Njoo huku juu, bibi. Njoo, nishike mkono."

"Hujanijibu."

Hellen akamtoa kwanza bibi yake nduwani, akamsogeza nyuma ya shina la mruka. Ndipo akashuka topeni peke yake, akainama, akakitazama kizibo kwa karibu bila kukigusa, akatazama ule mkanda wa shaba, akatazama ubapa ulioparazwa na gogo miaka nenda rudi. Alipopanda juu uso ulikuwa umembadilika.

"Bibi, hilo ni bomu."

"Hilo ni kizibo."

"Ni kombora la mzinga, bibi. La zamani, la kutoboa chuma. Haya hayalipukii puani, fataki yake imewekwa kwenye kitako. Hapo hapo unapopiga."

Aikaeli akatazama gogo, akatazama kizibo, akatazama mjukuu wake. Kisha akafanya alilolifanya maisha yake yote anapoambiwa jambo asilolitaka. Akajifunga khanga upya.

"Babu yako amelipiga. Baba yake amelipiga. Mimi nimelipiga mpaka nywele zimekuwa nyeupe. Na bomu gani hilo lisilojua kazi yake?"

"Bomu halistaafu, bibi," Hellen akasema. "Linangoja tu."

Usiku haujaingia, Hellen akampigia simu mkubwa wake. Wanajeshi wangekuja asubuhi, na mpaka hapo mtu asikanyage nduwani. Na kama ilivyo huku kwetu, simu ikipigwa kwenye uwanja wa jirani imepigwa kwako pia, habari zikafika kwa Gidioni kabla mboga hazijaiva. Akaja. Alipiga hodi kwa upole ambao Aikaeli hakuwahi kuusikia kwake, akakaa, akakubali chai, akapuliza kikombe.

"Pole sana, shemeji," akasema. "Nimesikia wanakichukua."

"Hawajakichukua."

"Watakichukua. Serikali ni serikali." Akanywa, akashusha kikombe. "Sasa mimi nawaza tu kwa sauti. Marehemu kaka alisema kizibo anakuachia wewe. Hatukubishana, tulisikia wote. Kizibo. Sasa kizibo kikiondoka, kilichobaki ni tundu, na tundu ni la ukoo. Si ndivyo?"

Aikaeli akamwongezea chai.

"Na kwa bahati nzuri," Gidioni akaendelea, "nilikuwa nimeshatengenezesha geti dogo pale Bomang'ombe kwa fundi wa kuchomelea. La chuma, la kupandisha na kushusha. Lina kufuli."

"Kwa bahati nzuri," Aikaeli akasema.

"Ndiyo. Mungu ni mwema."

Mzee akaaga akaondoka anapiga mluzi wa tenzi. Aikaeli akabaki amekaa. Bomu halikumtisha. Kilichomtisha ni ile kufuli. Alijiona alfajiri amekaa kwenye kitanda akisikiliza Gidioni akifungua maji yake, na hana pa kwenda.

Sasa sikiliza balaa la mtu mzima. Kulipopambazuka Hellen alikwenda barabara kuu kuwapokea wenzake, maana gari lao halingeweza kupita njia za kwetu. Aikaeli alikuwa ameshaamka kitambo. Alikwenda nduwani kama kawaida, akavuta mnyororo kama kawaida, maji yakaondoka kama kawaida. Halafu akafanya isivyo kawaida. Alikivuta kizibo mpaka ukingoni, akakifungua mnyororo, akakilaza juu ya majani aliyoyakata, akaweka majani mengine juu yake, akafunga mzigo kwa ganda la mgomba kama mzigo wowote wa majani ya ng'ombe, akajitwisha kichwani. Nia yake ilikuwa kukificha zizini mpaka Krismasi ipite na wanajeshi wachoke. Ndiyo akili iliyomjia. Usimcheke, hata wewe ukinyang'anywa kitu utakuja na akili za ajabu.

Mzigo ulikuwa mzito, lakini mwanamke wa Machame na mzigo wa majani ni marafiki wa utotoni. Akashuka na kijia akiwa amenyooka shingo. Njiani akakutana na jirani yake Doris, wakasalimiana kirefu, wakaulizana wageni wamefika wangapi na nani anachinja. Doris akamwambia, "Leo umekata mengi, Mama Godbless," naye akajibu, "Sikukuu, na ng'ombe nao wale."

Alipokata kona ya kwenye kisima, hao! Wanajeshi watatu wanapanda. Mbele yao kijana mmoja mwenye nyota mabegani, safi, kanyooka, anahema kidogo kwa mwinuko.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba baba."

"Tunatafuta nduwa ya kwa Mama Godbless. Koplo Hellen amebaki nyuma na vifaa, ametuambia tufuate kijia."

"Fuateni hivyo hivyo, mtasikia maji."

Angeondoka zake. Lakini yule kijana, Luteni Fabian, alikuwa amelelewa vizuri na mama yake huko Kibosho, na adabu nzuri nayo ina siku zake za kuua. Akasema, "Bibi, mzigo mzito namna hii, na sisi vijana tupo? Haiwezekani. Lete."

"Aa, baba, nimezoea."

"Lete, bibi. Nyumbani ni mbali?"

"Ni hapo tu, usijisumbue!"

Kijana ameshautwaa. Akaugeuza, akautupia begani, akasema "Kumbe majani mabichi yana uzito hivi!" akatangulia kwa mwendo wa haraka akiruka mawe na mifereji, na kila aliporuka Aikaeli nyuma yake alikuwa anasema kimoyomoyo, Ruwa wangu, Mungu wangu, Ruwa wangu. Hapo ndipo, kwa mara ya kwanza, aliliamini lile bomu. Akiwa amelibeba mwenyewe lilikuwa kizibo. Begani kwa mtoto wa mwenzake likawa bomu.

Walipofika uani Luteni akauliza, "Niweke wapi?"

"Weka popote. Taratibu, baba. Taratibu sana."

"Ni majani tu, bibi," Luteni akasema kwa furaha, akautupa. Puu!

Aikaeli alifumba macho. Alipofumbua, uwanja ulikuwa bado upo, ng'ombe bado anacheua, na Luteni anajifuta jasho na kuomba maji ya kunywa. Akampa. Maji mengine yakamwagika kwenye buti zake. Luteni akashukuru, akapanda kuelekea nduwani na wenzake.

Wakati huohuo Godbless na familia walikuwa wamefika kutoka Moshi, gari limeachwa juu kanisani, watu wanateremsha mabegi na keki na kuku, kelele tupu, "Shikamoo mama, umependeza mama." Aikaeli akawaitikia huku amesimama katikati yao na ule mzigo wa majani. Kila aliyesogea upande ule alimwelekeza jikoni.

Haukupita muda Hellen akateremka mbio kutoka nduwani. Alikuta tundu tupu na mnyororo umelegea, akajua mara moja mwizi ni nani, ila hakujua mali imefichwa wapi. Akafika amechoka, koti begani, akatafuta pa kukaa. Na mahali alipopapenda, msomaji, kati ya mahali pote pale uani, ni juu ya ule mzigo wa majani.

"Bibi," akasema, "kizibo kiko wapi?"

Aikaeli akafungua mdomo. Uongo ulikuwa tayari, ameshautunga njiani: maji yamekibeba, kimeteremka na mfongo, kitafuteni huko chini. Ulikuwa uongo mzuri. Ungewatuma wanajeshi bondeni siku nzima.

"Bibi, usinifiche. Huyu Luteni atatuma watu waingie kila nyumba, sikukuu yote itaharibika. Na wewe sikukamati mimi, wewe ni bibi yangu, lakini lile kombora linaweza—"

Ndipo Brenda, mdogo kabisa wa akina Hellen, anayesoma chekechea, akatoka jikoni na kipande cha keki. Akamwona dada yake amekaa, akapiga kelele ya furaha, akaja mbio akaruka mapajani pake kwa kishindo, akaanza kuruka-ruka kama amepanda punda. Hellen akacheka, akamshika kiuno asianguke. Wajukuu wawili, mkubwa na mdogo, juu ya yale majani.

Uongo wote ulimtoka Aikaeli kama maji kwenye kikapu. Nduwa, zamu, kufuli ya Gidioni, kila kitu.

"Hellen," akasema, na sauti ilikuwa ndogo. "Mshike mtoto. Simama polepole. Mmekikalia."

Hellen hakuuliza. Askari ni askari. Alisimama na mdogo wake kifuani bila kuyatikisa majani, akarudi nyuma hatua kwa hatua, akamkabidhi Brenda kwa baba yake, kisha akamgeukia bibi yake. Aikaeli alingoja kugombezwa. Hellen akamkumbatia.

"Chukueni," Aikaeli akasema akiwa amebanwa kwenye koti la jeshi. "Chukueni liende."

Luteni alipoitwa na kuambiwa kilichokuwa ndani ya mzigo, kwanza alitabasamu akidhani anataniwa. Halafu akautazama ule mzigo. Halafu akashika bega lake alilolibebea. Akakaa kwenye ndoo ya kukamulia akajipiga ishara ya msalaba, na alipoweza kusema akasema, "Bibi, na mimi nilikitupa."

"Nilikuambia taratibu, baba."

Basi likawa tukio. Kipaza sauti cha usharika kikatangaza watu wote watoke majumbani wakusanyike kanisani, na watu wakatoka na watoto, na mbuzi wa sikukuu, na mmoja na sufuria yake ya nyama kwa sababu alisema haiwezi kuachwa motoni wala haiwezi kuachwa na majirani. Wanajeshi wakakifungua kizibo kwenye majani kwa mikono ya mkunga, wakakilaza kwenye sanduku la mchanga, wakakiteremsha kwa miguu hadi garini. Luteni akaeleza kwamba kwa kulitazama ni kombora la mzinga wa meli, huenda Wajerumani waliokokota mizinga yao nchi kavu ndio waliolileta huku, na kwamba lilitengenezwa kutoboa ubavu wa manowari. Mzee mmoja akauliza kama lingeweza kutoboa nduwa. Luteni akasema, "Mzee, lingeitoboa na kata nzima."

Wakaenda nalo mbali kule tambarare, mahali pasipo watu. Watu waliokuwa uwanjani pa kanisa wakangoja wakila ndizi za kuchoma na kutaniana, na wengi, nisiwafiche, walikuwa wanasema ni chuma tu, wanajeshi wanapenda makuu. Ndipo likasikika. Halikuwa kubwa sana kwa umbali ule, kishindo kimoja kizito kilichopanda na mlima kikatetemesha madirisha ya kanisa. Hakuna aliyetania tena. Doris akaanza kulia. Aikaeli alikuwa amesimama peke yake kando ya ukuta, akawaza juu ya Sifael na gogo la mkahawa, jioni baada ya jioni, na Godbless mdogo akikaa ukingoni anamtazama baba yake. Akashukuru Mungu kwa sauti, wala hakujali anayemsikia.

Gidioni hakuwepo. Baadaye ilijulikana kwamba aliposikia tangazo alipanda bodaboda, akapita kanisani bila kusimama.

Alirudi kesho yake, na geti. Hilo nalo lilikuwa jambo la haki, na Aikaeli hakulipinga. Tundu lilitaka kuzibwa, na kizibo kilichompa kazi kilikuwa vumbi huko tambarare. Watu wakamsaidia Gidioni kulijengea kwa saruji. Likakaa vizuri, tuseme kweli, lilikuwa geti zuri. Akalifunga kwa kufuli, akatia ufunguo mfukoni, akaupigapiga mfuko. Aikaeli akarudi nyumbani, akala sikukuu na wajukuu zake, akacheka walipocheka. Lakini alfajiri macho yalimfumbuka saa ileile, akakaa kitandani na khanga yake, mikono mapajani, hajui aifanyie nini. Hellen alimsikia, akaja akakaa naye.

Lakini kazi ya maji, ndugu zangu, isikieni tu kwa jirani. Siku za mwanzo Gidioni alifungua kwa mbwembwe. Kisha ikaja alfajiri ya mvua na baridi ya mlima inayoingia mpaka kwenye meno, akachelewa, na watu wa juu wakakosa zamu. Akawapa watu wa juu zamu ya watu wa chini. Watu wa chini wakaja kwake wakiwa na mapanga, ya kupalilia lakini mapanga. Akampa mkwe wake maji mara mbili, ikaonekana. Akapoteza ufunguo, akaupata kwenye suruali ya kanisani. Na jambo lililomuudhi kuliko yote ni kwamba kila aliyekuwa na ugomvi wa maji alipita kwanza kwa Aikaeli, kwa mazoea tu. Yeye aliwaambia, "Nendeni kwa Gidioni." Wakajibu, "Tunajua. Lakini wewe unaonaje?" Hakuwaambia. Alijizuia mpaka ulimi ukamuuma, maana kila shamba alilijua kiu yake.

Kabla wageni wa sikukuu hawajaanza kurudi mijini, asubuhi moja Aikaeli alikuwa barazani na Hellen wakimenya ndizi za mtori. Gidioni akaingia uani. Nyuma yake watu wa mfongo, wa juu na wa chini. Na mkononi mwa Gidioni jani la masale.

Hellen aliacha kisu. Huku kwetu aliyekosa akikuletea masale amejishusha hadi chini, na hakuna kosa, hata la damu, ambalo unaweza kulikatalia jani hilo na ukaendelea kuitwa mtu. Gidioni hakuwahi kumpelekea mtu masale maishani mwake. Alilishika kama mtu aliyeshika mkia wa nyoka.

"Shemeji," akasema. "Nimekuja."

"Nakuona."

"Ufunguo huu hapa." Akaunyoosha. "Maji hayanisikii. Watu nao hawanisikii. Na siku ile ya bomu..." Akatazama chini. "Nilikimbia mpaka Bomang'ombe. Sikumwita hata mke wangu."

Watu wakaangua kicheko, na mkewe ndiye aliyecheka kuliko wote. Gidioni akangoja kiishe. Alikuwa na neno jingine, na lilikuwa linamsumbua kutoka.

"Shemeji, miaka yote hii nilikuwa na kinyongo. Nilidhani kaka alikuachia chuma."

Ndizi ya Aikaeli ilikuwa bado mkononi, nusu imemenywa. Utomvu ulikuwa umemjaa vidoleni. Machozi yalimjia, akayaacha yaje.

"Hata mimi, shemeji," akasema. "Hata mimi nilidhani hivyo. Ndiyo maana nilikibeba kichwani."

Akainuka, akajifuta mikono kwenye khanga. Akapokea jani kwanza, ufunguo baadaye. Kisha akaingia ndani kumtafutia shemeji yake kiti.